Mtungi wa Kumkalisha Shefu

Kalundu, usiku wa kuamkia safari yako

Mwanangu Faida,

Umelala chumba cha pili huku umekumbatia mkoba wako, kana kwamba boti itakuja kukuchukua kitandani. Shangazi yako amekwisha kukueleza mambo ya sweta, dawa ya malaria, simu na wanaume wa Kinshasa, kwa hiyo sitayarudia. Baba yako ametuma neno moja tu kutoka mlimani: huko hakuna vilima vya kupanda, utanenepa. Mimi nina jambo langu, nalo ni refu. Ningelisema kesho bandarini, watu wangekuwa wanasukumana na magunia na wewe ungekuwa unanitazama kwa lile jicho la "Mama, yatosha." Afadhali niliandike.

Ni juu ya yule mbuzi.

Najua unamjua. Ulipogombana na watoto wa Makobola kisimani, walikuita mjukuu wa mbuzi, nawe ukarudi nyumbani na ndoo nusu na nguo imechanika, ukakataa kusema kisa. Nilijua kisa. Sikukueleza, nikadhani ukikua utasahau. Sasa unakwenda kusema kwa niaba ya Batwa wa milima yetu, mbele ya watu wanaojadili kubadilisha katiba, na humo yumo mmoja atakayekuuliza habari za mbuzi huyo. Labda hatamwita mbuzi. Atakuuliza kwa Kifaransa kizuri: je, ninyi wenyewe hamkukubali zamani kwamba ardhi ni ya shefu? Nataka siku hiyo usishtuke.

Nianze kabla sijaenda shule. Shefu wa zamani, aliyefariki mwaka huu, alikalishwa nikiwa msichana mdogo, nami nilikuwapo. Desturi unaijua kwa kusikia, hujaiona, kwa sababu tangu siku ile hakuna mwingine aliyekaa. Shefu mpya husimama peku mbele ya kiti chake. Hawezi kukikalia mpaka Mutwa, mmoja wetu sisi Batwa, amletee mtungi mpya, uliofinyangwa kwa udongo wa bonde letu na kujazwa maji ya chemchemi yetu. Anakunywa. Kisha Mutwa anamwambia neno moja: "Kaa." Ndipo anakaa, na ngoma zinaanza.

Aliyebeba mtungi siku ile alikuwa babu yako Lubunga, baba yangu. Alikuwa amevaa koti la kuazima lililomfika magotini, na watu walilicheka lile koti tangu anaingia uwanjani. Aliposema "Kaa," hakuna aliyecheka. Nilisikia mpaka kuku wa upande wa pili.

Baadaye sisi tulilishwa nyuma ya ghala, juu ya majani ya migomba, na kibuyu tulichonywea kilipasuliwa ili mtu mwingine asije akakitumia baada yetu. Mtu yule yule aliyekunywa maji yetu mbele ya umati hakutaka kikombe chake kiguse midomo yetu. Njiani babu yako alikuwa anacheka peke yake. Nikamuuliza anacheka nini.

"Leo minye nimekalisha muntu," alisema. "Na koti si yangu."

Nilikumbuka koti, nikasahau sehemu ya kwanza. Hapo ndipo kosa langu lilipozaliwa, ingawa lilichukua miaka kukua.

Masista walinipokea shuleni kwao kwa sababu walipenda nyungu za mama yangu. Kule bwenini nilikuwa na kikombe changu peke yangu, kimepakwa rangi nyekundu kwenye kishikio. Si masista waliokipaka, ni wasichana wenzangu. Nilikisugua kwa majivu kila siku mpaka kikang'aa kuliko vyao vyote, nikiamini usafi wangu utawaaibisha. Haukuwaaibisha, lakini ulinijengea tabia. Nikawa mtu wa mstari na rula. Nikaanza kuandika mambo ya kila siku na tarehe yake, kama ninavyofanya mpaka leo, na wewe hunicheka. Nilipopata diploma ya Leta, ile ya kumaliza sekondari, nilipanda mlima nikiwa na imani moja: kwamba majirani zetu wametuzidi kwa jambo dogo tu, wao wanajua kufuata utaratibu.

Wakati huo watu walikuwa wanashuka kutoka Bijombo wakikimbia vita. Walimwomba shefu mahali pa kulima, naye akawapa ukingo wa bonde letu, kisha akawapa na kipande cha ndani. Sikuwachukia. Walikuja na watoto mgongoni na sufuria kichwani, na ningekuwa mimi ningeomba vile vile. Lakini asubuhi moja tulikwenda kuchota udongo, tukakuta mihogo imepandwa juu ya shimo letu la kufinyangia, imesimama mistari mizuri.

Unajua kalinzi ni nini kwetu. Mgeni akitaka shamba ambalo hakuna wa kumwondoa, anampelekea shefu ng'ombe, au mbuzi kama shamba ni dogo. Shefu akiipokea zawadi ile mbele ya mashahidi, ardhi imekuwa ya mtu yule na watoto wake. Vijiji vyote vya jirani vilikuwa vimetoa. Sisi tu ndio hatukuwa tumetoa hata jogoo. Nikaona tundu liko hapo, na mwenye sindano ni mimi. Nikawaita wazee nyumbani kwa babu yako, nikawapangia hoja zangu.

"Baba, bote iko na kalinzi. Sisi tu ndiyo hatuna. Ndiyo maana banatutoa."

"Bonde nani alitupatia?" aliuliza babu yako.

"Hakuna aliyetupatia."

"Sasa kalinzi unapelekea nani?"

"Shefu, Baba. Ni utaratibu."

"Shefu minye nilimukalisha. Weye ulikuwako. Ulikula mihogo, ukasinzia."

Wazee walicheka, nami nikaona haya. Wewe unanijua, nikiona haya ninakuwa mkali. Nilimwambia baba yangu, mbele ya watu wa rika lake, kwamba mtungi hauna muhuri. Nikasema hakuna jaji wa Uvira atakayesoma mtungi.

Alikuwa ameshika donge la udongo, akaendelea kulibonyeza kwa kidole gumba. Kisha akasema, "Sawa. Weye njo ulisoma."

Hilo ndilo ninalotaka ulikumbuke zaidi ya mbuzi mwenyewe. Alininyamazia kwa sababu alikuwa ameniheshimu. Alikuwa amefinyanga usiku na mchana ili nisome, halafu kisomo kilekile kikamfunga mdomo. Huko unakokwenda nawe utakuwa ndiye uliyesoma. Wazee waliokuchagua watakupigia simu wakuulize mambo kwa maneno ya mlimani, na wewe utakuwa na jibu tayari kabla hawajamaliza. Waache wamalize.

Tulichagua mbuzi jike, mweupe, mwenye doa shingoni. Tulikuwa tumeoana karibuni na baba yako, naye ndiye aliyevuta kamba. Shefu alitupokea kwa heshima, na hilo nalo ulijue, hakuwa mtu mbaya. Akaishika kamba, akawatazama mashahidi, akasema:

"Karibuni kwetu. Kuanzia leo muko bantu yangu."

Kapita wake, yaani msimamizi wake, Byamungu, akaandika. Mimi nikapiga magoti nikashukuru. Nilipoinuka, baba yangu hakuwa ndani. Nilimkuta nje ya uzio amewapa mgongo wote, anatazama ziwa.

Jioni ile niliandika kwenye daftari langu: "Shefu ametukaribisha vizuri." Sentensi hiyo bado ipo. Sijaifuta, na nimekukataza kuchana ukurasa. Mtu aliyezaliwa pale, aliyezika watu wake pale, alikaribishwa pale, naye akashukuru kwa magoti. Sikusikia chochote. Nilisikia ukarimu tu.

Mihogo iliondolewa juu ya shimo. Kwa miaka mingi nilitembea kama mtu aliyeshinda kesi, na hata babu yako alichota udongo bila kusema neno. Mambo yalifunguka ulipokuwa unamaliza sekondari. Sheria ya kuwalinda Batwa ilikuwa imetoka Kinshasa, na sisi tukakubaliana kuomba kijiji chetu kiwe lokalite inayojitegemea, kijiji kamili kwenye vitabu vya serikali. Unajua tulichotaka, kwa sababu ndicho unachokibeba: shefu tuliyemchagua wenyewe, muhuri wetu, na neno la mwisho juu ya bonde, chemchemi na msitu mdogo uliobaki. Mpaka leo tunahesabiwa kama kona ya kijiji cha watu wengine.

Niliteremka Uvira na bahasha yangu imepangwa sawasawa. Afisa aliyetusikiliza alikuwa kijana mpole. Alisoma kila ukurasa, nami nikaanza kufurahi moyoni. Kisha akamgeukia Byamungu, aliyeitwa aseme kwa niaba ya shefu. Byamungu hakupandisha sauti.

"Monsieur, hawa bantu ni betu. Tulibapokea. Balileta kalinzi, na ni huyu mama alibaongoza." Akanionyesha kwa kidevu. "Mama Faida, iko uongo?"

"Si uongo," nilisema.

Afisa alirudisha karatasi ndani ya bahasha, taratibu, kama mtu anayefunika maiti. "Mama," aliniambia, "mtu aliyepokelewa na mwenye nyumba anakujaje hapa kusema nyumba ni yake?"

Nilikuwa na majibu mazuri sana. Yalinijia yote nikiwa nyuma ya pikipiki, tunakaribia Makobola, upepo wa ziwa unanipiga usoni na dereva ananiuliza kwa nini ninaongea peke yangu.

Nilimkuta babu yako ameketi mbele ya udongo. Nilimweleza yote. Nilitaka anitukane, nilikuwa nimejiandaa. Alisogea kidogo akasema, "Vua viatu. Huu udongo haujakanyagwa." Tukaukanyaga pamoja mpaka miguu ikafa ganzi. Hakulitaja tena jambo hilo mpaka alipofariki. Nimemshukuru kwa ukimya ule, na mara nyingine nimemkasirikia, maana angenilaumu ningepata angalau nafasi ya kujitetea.

Sasa nikuambie nilichojifunza.

Nilidhani haki ni kufuata utaratibu bila kukosea. Sikuuliza utaratibu ule ulitengenezwa na nani, na mtu anayeingia kwa mlango wake anakiri nini. Huko Kinshasa watakupa milango mingi. Watasema Batwa walindwe, wasaidiwe, wahurumiwe, watengewe siku yao ya kucheza ngoma. Pokea kinachofaa. Mimi sijakataa sheria ya kutulinda, nimeitumia hospitalini na shuleni. Lakini kila wakikuwekea karatasi mbele, itafute ile "karibuni" imejificha wapi. Kinachotakiwa kuandikwa katika katiba ni kwamba tulikuwapo, tupo, na mambo ya vilima vyetu tunaweza kuyaamua wenyewe. Wakikuambia ni jambo dogo mno kuingia katika katiba, waulize kwa nini basi ni gumu hivyo kuliandika.

Habari ya mbuzi itoe wewe mwenyewe, mapema, kabla ya mtu mwingine. Sema: mama yangu ndiye aliyempeleka, na alimpeleka kwa sababu hii. Mimi nilisubiri aniseme Byamungu, na ukweli uliotoka kinywani mwake ulikuwa mzito kuliko ungetoka kinywani mwangu.

Na usiwaseme majirani zetu vibaya ili sisi tuonekane wazuri. Wapo huko watakaofurahia sana ukisema fulani ni mgeni, fulani aondoke. Usiwape neno hilo. Wale wa mihogo wana makaburi yao pale sasa. Mama Sifa, jirani anayeuza ndagala, wale samaki wadogo wa ziwa, barabarani Makobola, hunywea kikombe changu na kukirudisha bila kukifuta, na miaka ya kukimbia risasi tulilala chini ya turubai moja sote, tukichota maji kwa mtungi wangu mmoja, hakuna aliyeuliza umefinyangwa na nani. Tunachodai hakimfukuzi mtu. Ukikisema kana kwamba kinafukuza, utakuwa umetuangusha kuliko mimi na mbuzi wangu.

Imebaki habari moja ambayo hujaisikia yote, kwa sababu ulikuwa hapa mjini ukitafuta tiketi.

Byamungu alikuja kwetu wiki iliyopita. Amezeeka, alipanda kilima akihema, nikampa kiti na maji. Maji aliyatazama kwanza, kisha akayanywa. Kiu haina siasa. Kisha akasema mtoto wa shefu marehemu yuko tayari kukalishwa, na wamekuja kuomba mtungi.

"Mtungi iko kwenye udongo bado," nilimwambia.

"Utakauka lini?"

"Inategemea jua."

"Jua! Mama Faida, jua iko inachoma hapa tangu asubuhi mpaka kichwa inaniuma!"

"Inachoma kichwa yako, Kapita. Mtungi bado."

Baba yako alikuwa anachonga mpini pembeni, akainama ili asionekane anacheka. Byamungu si mjinga. Akaweka fimbo chini. "Sema unataka nini."

Nikamwambia, na wazee walikuwa wameshakubaliana nami kila nyumba, hakuna mfinyanzi atakayewatengenezea kwa siri. Tunataka mbuzi arudishwe. Mbuzi jike, mweupe, au wa rangi yoyote. Arudishwe mbele ya watu, siku ileile ya kukalishwa, kabla ya maji. Na shefu mpya aseme kwa kinywa chake, na kapita aandike, kwamba Batwa wa bonde hawakupokelewa na mtu.

"Weye mwanamke unajua unachosema?" aliuliza. "Kalinzi ikirudishwa, mutakuwa bila udongo. Mutakuwa bure tu. Kesho muntu atapanda mihogo hapa, na hakuna wa kumusemesha."

"Kalinzi ikirudishwa, tutakuwa vile tulikuwa siku baba yangu alimwambia baba yake akae."

"Basi tutanunua ndoo ya plastiki Uvira!"

"Nunueni, Kapita. Lakini muulize kwanza mama yake kama atakubali mtoto wake akalishwe na ndoo."

Alitoa sauti fulani, sijui ilikuwa kikohozi au kicheko, akachukua fimbo yake akashuka. Hajarudi. Mwenye kukaa bado amesimama, na wazee wake wanajua kwamba akikaa bila maji, hata watu wake wenyewe hawatamwita shefu.

Sikufichi, Faida, nina hofu. Byamungu alisema kweli: tukimpokea mbuzi na wao wakavunja neno, hatuna karatasi hata ile mbaya. Tunaweza kupoteza bonde lote, na nitakuwa nimekosea mara ya pili. Nimelipima jambo hili kama ninavyopima kila kitu, upande huu na ule, na bado nimelikubali. Karatasi iliyonishuhudia nimepiga magoti hainilindi. Inangoja siku ya kunitoa. Ndiyo maana kazi yako na kazi yangu ni moja. Wewe unatafuta huko neno litakaloshikilia bonde baada ya mbuzi kurudi, mimi huku nazuia maji mpaka neno lile lipate mahali pa kukanyaga. Usije ukafikiri umekwenda vitani na sisi tumebaki nyumbani kukuombea.

Byamungu sikumdanganya. Siku ile mtungi ulikuwa bado mbichi kweli. Sasa umechomwa. Nimeufinyanga kwa udongo wa shimo lile la mihogo, na shingo yake ni nyembamba kama alivyopenda babu yako. Umefunikwa chini ya kitanda chetu, na baba yako analala juu yake kama askari.

Wazee waliniuliza nani ataubeba, kwa kuwa Lubunga hayupo. Walidhani nitajitaja mwenyewe. Nikawaambia mimi nilipiga magoti pale, mwili wangu umeshazoea. Nikawaambia abebe yule ambaye hajawahi kukaribishwa. Walibishana kidogo juu ya mwanamke, na juu ya msichana aliyekaa mjini, mpaka mmoja wao akauliza kama una koti. Nikasema tutakuazimia.

Kwa hiyo nenda, ukaseme mbele ya wakubwa wale, kwa sauti ya kawaida, bila kuinama na bila kupiga kelele. Kisha rudi. Kuna mtu amesimama peku mlimani anakusubiri, na neno la kumwambia unalijua.

Mama yako